Nani Ana Funguo za Chuo? Miezi Sita ya Bauhaus Mjini Berlin



Muhula uliopita tulipewa kazi ya semina. Kila mtu achague chuo kimoja cha sanaa na usanifu, aeleze kilifundisha nini na kwa njia gani. Mimi nikachagua Bauhaus ya Ujerumani, na sababu yangu kubwa ilikuwa uvivu. Madesa yake ni mengi, picha zipo za kumwaga, na kila anayesoma mambo ya usanifu amewahi kukiona kile kiti cha mabomba ya chuma. Nikajiambia, hapa A ipo mkononi.

Nikaandaa slaidi zangu: majengo meupe, madirisha makubwa, viti, taa, birika la chai. Nilipomaliza, lekchara akauliza swali moja tu. "Hicho chuo kilifungwa na nani?" Nikajibu haraka, "Na Wanazi, mwaka 1933." Akaniangalia kidogo. "Una uhakika? Nenda kaangalie tarehe vizuri."

Nilikaa chini nimenyong'onyea. Makala hii ni yale niliyoyakuta nilipokwenda kuziangalia hizo tarehe. Nimeona niyalete hapa kwa sababu hayawahusu watu wa sanaa peke yao. Yanamhusu kila anayelipa ada mahali fulani na kuamini kwamba mahali hapo patakuwepo mwakani.

Chuo kilichohamahama

Bauhaus ilianzishwa mwaka 1919 mjini Weimar na msanifu majengo Walter Gropius. Wazo lake lilikuwa kwamba mchoraji, seremala, mfumaji na msanifu majengo wasome chini ya paa moja, na kwamba anayechora kiti ajue pia kukiunda. Hakikuwa chuo kikubwa. Katika miaka 14 ya uhai wake, wote waliopita pale ni wanafunzi wapatao 1,250. Vyuo vyetu vingi vinapokea idadi hiyo kwa mwaka mmoja na zaidi.

Mwanzoni kilikuwa chuo cha serikali ya jimbo. Uchaguzi wa mwaka 1924 uliwaweka madarakani watu wa mrengo wa kulia, na bajeti ya chuo ikakatwa nusu. Mwaka 1925 kikahamia Dessau, mji wa viwanda, ambako meya Fritz Hesse alikipokea na manispaa ikagharamia jengo jipya. Lile jengo la kuta za vioo tunaloliona kwenye kila kitabu lilifunguliwa Desemba 1926. Kwa hiyo sasa chuo kilikuwa mikononi mwa manispaa. Kumbukeni hilo, maana ndipo penye mzizi wa kisa.

Gropius aliondoka mwaka 1928. Akafuata Hannes Meyer, mtu wa siasa za kushoto, ambaye aliimarisha karakana zitengeneze bidhaa za kuuza na wanafunzi wapate chochote. Mwaka 1930 meya akamwachisha kazi kwa sababu ya siasa. Nafasi yake ikachukuliwa na msanifu majengo Ludwig Mies van der Rohe. Wanafunzi wakagoma kumpokea. Mies akafanya nini? Alikifunga chuo, akawataka wanafunzi wajiandikishe upya mmoja mmoja, na baadhi akawafukuza. Masharti yake yalikuwa wazi: mtu aje kusoma, siasa aziache nje ya lango. Pia alipunguza uzalishaji wa karakana, kwa hiyo wale waliokuwa wakijisomesha kwa kazi za mikono yao wakabanwa.

Nilipofika hapo nilitaka kumchukia Mies. Kwetu sisi tuliozoea matangazo ya "wanafunzi wote warudi nyumbani, utaratibu wa kujisajili upya utatolewa baadaye", habari hii haihitaji mkalimani. Lakini nikaendelea kusoma, na ikawa vigumu kidogo kumchukia.

Tarehe 22 Agosti 1932 baraza la manispaa ya Dessau, ambalo sasa lilikuwa na Wanazi wengi, lilipigia kura hoja ya kukifunga chuo. Waliokataa ni Wakomunisti pamoja na meya Hesse. Wale wa chama cha SPD, waliokuwa wakikitetea chuo siku zote, siku hiyo hawakupiga kura upande wowote. Hoja ikapita. Watu walioitwa marafiki wa chuo walikaa kwenye viti vyao na mikono wameikunja.

Kiwanda cha simu

Hapa ndipo Bauhaus inapogeuka kuwa kitu ambacho wengi wetu hatukukisikia kwenye lekcha: chuo kidogo cha binafsi cha sanaa na usanifu, ndani ya jiji kubwa. Mies aliamua kukiendeleza kwa jina lake mwenyewe. Oktoba 1932 kikafunguliwa Berlin, mtaa wa Steglitz, katika kiwanda cha simu kilichokuwa kimeachwa. Kikaitwa taasisi huru ya kufundisha na kufanya utafiti.

Kwa maelezo aliyoyatoa Mies mwenyewe miaka ya baadaye, kiwanda kilikuwa cheusi ndani, na wanafunzi wote wakaingia kazini kukisafisha na kukipaka rangi nyeupe. Hebu fikirieni. Miezi michache nyuma walikuwa kwenye jengo maarufu kuliko yote ya aina yake duniani. Sasa wamebeba ndoo na brashi kwenye kiwanda kikuukuu, ili muhula uanze.

Waalimu waliokuja hawakuwa wa kubahatisha. Alikuwepo Wassily Kandinsky, mmoja wa waasisi wa uchoraji usioiga vitu vya kawaida. Alikuwepo Josef Albers wa mafunzo ya mwanzo, Ludwig Hilberseimer wa mipango miji, Walter Peterhans wa upigaji picha, na Lilly Reich wa usanifu wa ndani na ufumaji. Yaani kiwango cha waalimu kilikuwa cha juu sana, na paa lilikuwa la kupanga.

Sasa hela zilitoka wapi? Hili swali ndilo ambalo sikuliuliza kwenye slaidi zangu, na ndilo lingenipa A. Kulikuwa na njia tatu. Ya kwanza ni ada za wanafunzi. Ya pili ni malipo kutoka Dessau, kwa sababu manispaa ilikuwa imevunja mikataba ya waalimu na ilibidi iendelee kuwalipa kwa muda. Ya tatu ni mrabaha, yaani asilimia ya mauzo ya bidhaa zilizobuniwa chuoni. Iliyouzika vizuri zaidi kati ya bidhaa hizo ilikuwa karatasi ya kubandika ukutani, iliyotolewa na kampuni ya Rasch kuanzia mwaka 1929. Michoro yake ilipatikana kwa kuwashindanisha wanafunzi: vimistari na vidoti vidogo, rangi za upole, kitu ambacho mfanyakazi wa kawaida angeweza kukibandika chumbani kwake bila kuona aibu.

Nilifurahi sana nilipolisoma hilo. Kazi ya darasani ya wanafunzi ilisaidia kulipa kodi ya jengo walilosomea wadogo zao. Lakini tazameni pia udhaifu wake. Ada inategemea wazazi ambao Ujerumani ya wakati ule ilikuwa imewaacha bila ajira. Malipo ya Dessau yanategemea manispaa iliyokwisha kukufukuza. Mrabaha unategemea soko. Chuo kilikuwa kimejitoa kwenye kura ya madiwani, kikajiingiza kwenye mikono mitatu mingine.

Asubuhi ya tarehe 11 Aprili

Hitler alifanywa Chansela tarehe 30 Januari 1933. Februari, chuo kilifanya karamu zake za kanivali kama kawaida. Nimejiuliza mara nyingi wale waliokuwa wakicheza usiku ule walikuwa wanafikiria nini. Sidhani walikuwa wajinga. Nadhani walikuwa kama sisi: una mtihani, una mchumba, una deni la chakula pale kwa mama lishe, na habari za siasa unazisikia kwa sikio moja.

Tarehe 11 Aprili 1933, mwanzoni mwa muhula, polisi pamoja na vijana wa mgambo wa Nazi walilizingira jengo. Walikuwa wanatafuta maandiko ya Kikomunisti, na walitaka pia kupata ushahidi wa kumtia hatiani aliyekuwa meya wa Dessau, Fritz Hesse. Wakapekua, wakakamata wanafunzi 32 ambao hawakuwa na vitambulisho kamili, wakawapakia kwenye magari. Kisha wakatia lakiri milango.

Ndiyo ikawa mwisho wa masomo. Kuanzia Oktoba hadi Aprili ni miezi sita.

Kumbukeni kwamba Mies alikuwa amefanya kila aliloweza ili chuo kisiwe na siasa. Aliwafukuza waliopiga kelele, akawataka waliobaki wakae kimya. Walikaa kimya, na milango ikafungwa vilevile. Sisemi kwamba kelele zingewaokoa. Hakuna anayeweza kulijua hilo. Ninachosema ni kwamba kimya hakikuwa bima, ingawa kiliuzwa kwa bei ya bima.

Tarehe mbili

Sasa turudi kwenye swali la lekchara. Mies hakukubali yaishe. Siku iliyofuata alikwenda kumwona Alfred Rosenberg, mkubwa wa mambo ya itikadi katika chama cha Nazi. Baada ya hapo akaenda kwa Gestapo, polisi wa siri, akarudi, akaenda tena, kwa miezi mitatu. Dessau nayo ikasimamisha malipo. Waalimu hawana mishahara, wanafunzi hawana darasa, na kodi ya jengo inahesabiwa.

Hatimaye Gestapo wakatoa barua ya kuruhusu chuo kifunguliwe, kwa masharti. Kandinsky na Hilberseimer wasifundishe tena, na nafasi zao wapewe watu wanaoikubali itikadi ya Nazi.

Miaka mingi baadaye, akiwa Marekani, Mies alikisimulia kisa hiki kwa namna ya kuvutia. Alisema alipopata ruhusa aliwaita waalimu, wakafungua shampeni, kisha wakakifunga chuo wenyewe. Yaani: mmetupa ruhusa, sasa tunaikataa. Kisa kitamu. Nilipokisoma mara ya kwanza nilipiga makofi peke yangu maktaba.

Lakini karatasi zilizobaki zinasema tofauti kidogo. Uamuzi wa waalimu wa kukivunja chuo una tarehe 20 Julai 1933, na sababu iliyoandikwa ni hali ngumu ya fedha. Barua ya Gestapo ina tarehe 21 Julai. Siku moja baadaye.

Hapo ndipo nilipoelewa kwa nini lekchara aliniangalia vile. "Kilifungwa na Wanazi" sio uongo, maana bila wao pasingekuwa na lakiri mlangoni. "Walikifunga wenyewe kwa heshima" nalo lina ukweli, kwa sababu hata barua ilipofika hawakurudi nyuma kuyapokea yale masharti. "Kilikufa kwa kukosa hela" ndilo jibu lililomo kwenye hati yao wenyewe. Majibu yote matatu yana miguu. Anayetaka jibu moja la kukariri atafaulu mtihani, ila hatakuwa ameelewa chuo kinakufaje.

Mimi nimejifunza hivi: mara nyingi mwenye nguvu hana haja ya kukupiga marufuku. Anasimamisha malipo, anatia lakiri, anakuacha unazunguka kwenye korido za ofisi miezi mitatu. Siku ukichoka, sahihi ya mwisho unaiweka wewe.

Gazeti lililosimama

Tusiishie kwenye milango, maana mtu anaweza kuuliza: kwani pale walikuwa wanafundisha nini cha kung'ang'ania hivyo?

Hannes Beckmann, aliyekuwa mwanafunzi wa Albers enzi za Dessau, alisimulia siku yake ya kwanza darasani. Mwalimu aliingia na rundo la magazeti, akawagawia, akawaambia watengeneze kitu ambacho ni zaidi ya gazeti, waiheshimu karatasi kama ilivyo, wala wasiiharibu ovyo. Akaondoka. Aliporudi akakuta ngome, mashua, ndege, vinyago. Akasema hivyo vyote vingekuwa bora zaidi kwa chuma au mbao. Kisha akaonyesha kazi moja ambayo haikuwa na lolote la ajabu: karatasi iliyokunjwa tu kwa urefu, ikasimama yenyewe kama pazia la mbao. Huyu, akasema, ameielewa karatasi. Kitu laini amekifanya kisimame.

Nililijaribu zoezi hilo hosteli na wenzangu watatu, bila mkasi wala gundi. Tulitoa kofia mbili na mashua moja. Wa nne wetu, anayesoma uhandisi, akakunja ukurasa wake mikunjo midogo midogo kama bati, akaulaza kati ya vitabu viwili, akaweka simu juu yake. Ukashika. Kumbe sote tumekua chini ya bati, tumelisikia mvua ikilipiga, na hatukuwahi kujiuliza kwa nini lina mikunjo. Bati likinyooshwa linalegea kama ukurasa wa gazeti. Mikunjo ndiyo nguvu yake.

Jaribuni wenyewe. Zoezi hili halihitaji jengo la vioo wala bajeti ya manispaa. Linahitaji gazeti la jana na mtu wa kukuuliza swali sahihi. Ndiyo maana njia hii ya kufundisha iliweza kuondoka Berlin bila kubeba hata meza moja. Kabla mwaka 1933 haujaisha, Josef Albers na mkewe Anni, mfumaji aliyesoma Bauhaus, walikuwa Black Mountain College, chuo kingine kidogo kilichoanza mwaka huohuo huko North Carolina, Marekani. Josef alifundisha pale hadi 1949. Mies alikwenda Chicago mwaka 1938, na Hilberseimer na Peterhans wakafundisha naye huko.

Wawili waliotoka mlango mmoja

Nilitaka kumalizia hapo, kwenye habari njema. Lekchara wangu angekubali. Lakini kuna majina mawili yaliyoninyima raha, na sio haki niyafiche.

Otti Berger alisoma ufumaji Bauhaus, akawa miongoni mwa walioiongoza karakana hiyo huko Dessau. Alibuni vitambaa kwa ajili ya majengo ya kisasa. Alikuwa Myahudi. Wanazi walimzuia kufanya kazi yake, akaenda Uingereza, na mwaka 1938 akarudi kwao Yugoslavia kumwangalia mama yake aliyekuwa mgonjwa. Mwaka 1944 alipelekwa Auschwitz, na huko akauawa.

Fritz Ertl naye alisoma Bauhaus huko Dessau. Akajiunga na SS. Alikuwa mmoja wa wasanifu walioichora kambi ya Auschwitz-Birkenau.

Chuo kimoja, mafunzo yale yale ya mwanzo. Nililisoma hilo nikafunga kompyuta, nikatoka nje kutembea. Tunapenda kusema kwamba elimu nzuri inatengeneza watu wazuri. Elimu nzuri inatengeneza watu wanaojua kazi. Kujua karatasi inasimamaje ni jambo moja. Kuuliza jengo ninalolichora ni la kumweka nani ndani yake ni jambo jingine, na hilo la pili haliwezi kuachwa nje ya lango kwa jina la kutuliza masomo.

Maswali ya kuuliza mkutano ujao

Sijaandika haya ili tulinganishe vyuo vyetu na Berlin ya 1933. Huko kungekuwa kutia chumvi, na kungewakosea heshima waliokufa. Ila nimebaki na maswali matatu ambayo chama chetu cha wanafunzi kinaweza kuyauliza kwenye mkutano wowote, kwa adabu, na kikasubiri jibu.

La kwanza: chuo chetu kinaishi kwa hela za nani, na akizisimamisha kesho tunafika mwezi gani? Tunajua boom likichelewa wiki mbili hosteli inakuwaje. Je, tunajua chuo chenyewe likichelewa fungu lake kinakuwaje?

La pili: nani ana funguo? Jengo ni la nani, mkataba unasema nini, na nani anaweza kutia lakiri mlango bila kutuuliza? Hili linawahusu zaidi wenzetu walio kwenye vyuo vidogo vya binafsi mijini, vile vya ghorofa ya tatu juu ya duka la simu. Wengi wamelipa ada ya mwaka mzima, na mkataba wa pango hawajawahi kuuona.

La tatu: mlango ukifungwa, tutatoka na nini mikononi? Kama tunachotoka nacho ni madesa ya kukariri tu, tumepoteza vyote viwili, jengo na masomo. Wale 32 walipakiwa kwenye magari, na milango ikatiwa lakiri. Walichokuwa wamejifunza kwa mikono yao hakuna aliyeweza kukitia lakiri.

Nilimrudia lekchara ofisini kwake na zile tarehe mbili, 20 Julai na 21 Julai, nimeziandika kwenye kipande cha karatasi. Akazisoma, akatikisa kichwa taratibu, akaniuliza kama nimekwisha kunywa chai. Tukazungumza saa nzima kuhusu barua ya Gestapo na chupa ya shampeni.

Alama haikubadilika. B ilibaki palepale.